Zaida na Watu wa Tufani

Zaida wa Mucojo alikaa eda ya mtu aliye hai. Miezi minne na siku kumi alijitanda kaniki, akapokea mikono ya rambirambi, akala ubwabwa wa matanga ya mume wake mwenyewe, hali akijua kwamba Shaweji yuko ng'ambo ya Ruvuma anajifunza kulenga bunduki. Wakati ule, Wareno wakijua mume kaingia Frelimo, mke alipigwa viganja kwa bao la palmatoria mpaka vivimbe, na siku ya pili wakamrudia. Ndiyo maana mwaka wa sitini na sita wawili hao walipatana mume aonekane amezama. Siku ya tufani Shaweji aliipindua ngalawa yake mwambani, akaiacha, akapita mikokoni akaenda zake. Majirani wengi walinusa jambo, wakanyamaza.

Tabu ilikuwa Nuria. Alikuwa na miaka minne, mtoto wa pekee, na kila asubuhi swali lake lilikuwa moja: baba yuko wapi? Nao masipai, askari wenyeji wa serikali, walikuwa na mtindo wa kuwagawia watoto biskuti na kuwauliza swali hilohilo. Mtoto angejibu tu kwamba mama anasema baba atarudi, na habari ya Zaida ingeishia hapo.

Basi Zaida akaitoa hadithi ya bibi yake, akaitia mikono na kola. Juu ya mawingu, alimwambia binti, kuna visiwa vinavyoelea, havina mizizi, vinakwenda upepo unakotaka, na vikigongana ndiyo radi. Wenyeji wa huko ni Watu wa Tufani, vivuli vyeupe mfano wa maji yaliyooshewa mchele, hawana nyayo. Aliyezama asizikwe wanamchukua, wanamfunga kamba kiunoni avute visiwa vyao. Tufani ikija, visiwa vinashuka karibu na mapaa, na Mtu wa Tufani anaazima sauti ya marehemu, anakuja kubisha. Anajua jina lako la kudekezwa. Anajua na makovu yako. Ukimfungulia, nawe unapandishwa. Dawa yake ni kukifudikiza kinu kizingitini, mdomo wake chini, na kukaa kimya.

Kinu kilikuwa desturi ya kila nyumba iliyopotelewa na mtu baharini. Habari ya majina na makovu aliiongeza mwenyewe, maana alimjua mumewe: asingeweza kupita karibu bila kuja kunong'ona dirishani, na mtoto akisikia, kesho habari ingefika kwenye biskuti. Siku mume akija, yeye Zaida angefungua mlango, na Nuria angeambiwa ameota. Alidhani ameziba kila tundu, maskini.

Baadaye Wareno waliwaswaga watu wote wakawatia kwenye aldeamento, kijiji cha seng'enge chenye lango moja, na kwenda shamba mpaka uonyeshe karatasi. Mwaka wa sabini na moja, Nuria ana miaka tisa, tufani ilipiga mchana. Zaida alikuwa nje, kwenye mihogo. Lango likafungwa, naye akajikunyata kwenye dungu la kuwingia ndege mpaka alasiri.

Aliporudi mvua ilikuwa manyunyu. Upepo ulikuwa umeilaza seng'enge upande wa mikoko, na pale langoni askari walikuwa wamelaza maiti juu ya mlango uliong'oka. Kila aliyeingia aliulizwa kama anamjua mtu huyu. Zaida alimtazama mumewe. Ndevu zilikuwa zimemjaa, kifuani ana tundu la risasi, na mdomoni alikuwa na tope.

"Simjui, senyori," alisema.

Waliomtangulia walikuwa wamesema vivyo hivyo, na nusu yao walicheza kwenye harusi ya Shaweji.

Nyumbani alikuta kinu kimefudikizwa kizingitini. Nuria alimkimbilia, uso unang'aa.

"Alikuja, mama. Alibisha sana."

"Nani alibisha?"

"Mtu wa Tufani. Alikuwa na sauti ya baba. Akaniita Kibibi, akataja na kovu langu la goti. Sikumjibu hata neno. Mvua ikaanza kukatika, yeye bado ananiomba nimfungulie. Alilia, mama. Alilia kabisa kama mtu."

Zaida alitamani kupiga yowe la kuitoa roho. Yowe lile lingewaita askari, na ukweli wenyewe mtoto wa miaka tisa angeubeba wapi?

"Umefanya vizuri, mwanangu," alisema, akaingia ndani akawasha moto.

Miaka minne aliishi na maneno hayo. Nuria aliwasimulia wenzake jinsi alivyomshinda Mtu wa Tufani, wakamwomba arudie, akarudia, na watu wazima waliosikia walitazama pembeni. Mama hakumkataza. Angeanzia wapi? Alikuwa akienda chooni kulia, anarudi amenawa uso.

Uhuru ulipopatikana alikuja Assane, mwanamume aliyepigana pamoja na Shaweji. Alikaribishwa mkekani, akaanza kwa upole.

"Shemeji, tulikuwa tunapita na mizigo, tufani ikatukuta karibu na hapa. Akaomba ruhusa aje amwone binti yake. Alisema askari hawatoki mvuani. Tulimngoja siku mbili. Nyie mlimwona?"

Nuria, sasa mwari wa miaka kumi na mitatu, alikuwa akimletea mgeni maji. Alisimama na kikombe mkononi.

"Mama," alisema, "yule aliyelia alikuwa nani?"

Zaida alitafuta hadithi, hakuipata.

"Baba yako," alisema.

Nuria alipiga magoti, akampa mgeni maji kwa mikono miwili kama alivyofunzwa. Kesho yake alifunga nguo zake akaenda Mbau kwa shangazi yake, dada wa Shaweji. Alipoolewa, Zaida alipata habari sokoni, kwa muuza samaki, harusi ikiwa imekwisha kupita wiki tatu.