Mistari Niliyoiruka

Ilianza Jumanne ya likizo ya Agosti, 2006, saa nne na robo asubuhi, katika ofisi ya bima huko Upper Hill. Baba alikuwa akitunza bustani za watu Lavington mpaka lori lilipomgonga akiwa kando ya barabara. Korti iliamua alipwe. Miaka miwili ikapita hatujaona kitu, na mguu wake ukawa bado unangoja upasuaji wa pili. Ndipo watu wa bima wakampigia yeye mwenyewe, wakamruka wakili wake: njoo usaini, hundi utachukua Ijumaa.

"Huu mguu uko na chuma kuliko geti ya mdosi wangu wa Lavington," baba alimwambia karani. "Nilipeni kabla watu wa skrepa hawajanichukua."

Karani alicheka, akasukuma karatasi ya Kiingereza. "Nikusomee, mzee?"

"Unisomee na niko na msomi? Huyu binti yangu ako Form Two. Kizungu anaota nayo."

"Haya, madam. Mwelezee mzee."

Karani akanikazia macho. Mimi nikiangaliwa hivyo siwezi kusoma. Nilipitia mstari wa juu, nikaruka katikati yote, nikashika maneno ya chini: full and final. Nikanong'ona, "Baba, ni malipo kamili. Hakuna kungoja tena."

"Umesoma yote?"

"Ndio."

Akasaini, tukapewa nakala.

Tulipotoka akaninunulia soda, akaenda kwa simu ya jamii, ile ya kulipia kibandani, kumringia wakili. "Hiyo kazi yako nimeimaliza mwenyewe!" Wakili akamuuliza amelipwa ngapi. Baba akanipa simu na karatasi nimsomee. Ilikuwa robo tu ya zile korti ilisema. Wakili akanieleza polepole: kamili na ya mwisho maana yake baba amekubali hiyo robo, na zilizobaki hatazidai tena. Alisema atajaribu kupigana, lakini sahihi ni ya mzee. Na robo haiwezi kulipa upasuaji.

Njia yote mpaka nyumbani Kangemi baba alinitetea, na hakuna aliyekuwa amenishtaki. "Kizungu yao ni ya kona kona. Si makosa yako, mama."

Lakini kiasi kilikuwa kimeandikwa kwa tarakimu, na tarakimu hazina Kizungu. Sikushindwa kuelewa. Sikusoma. Niliona aibu kumwambia karani angoje dakika tano.

Asubuhi yake niliamka kabla ya baba, nikachukua kamusi na ile karatasi, nikaiandika yote kwa Kiswahili nyuma ya daftari la hesabu. Alipokaa kitandani kufunga bandeji nikamsomea kwa sauti, mstari kwa mstari. Nilipofika katikati nikaweka kidole, nikamwambia, "Kuanzia hapa mpaka hapa, baba, sikusoma. Nilikudanganya."

Kisha nikaendelea kusoma mpaka chini, kwenye sahihi yake.