Mpiga Taipu wa Vitabu Vitatu

Kwa miaka kumi na minane Bi Taipu alifanya kazi katika chumba chenye dirisha moja, meza mbili na makabati ya vitabu yaliyogusa dari. Meza kubwa ilikuwa ya Profesa. Ile ndogo, iliyosogezwa mlangoni ipate upepo, ilikuwa yake, na juu yake ilikaa mashine nzito ya kijivu ambayo herufi yake ya "m" ilipenda kuruka juu kidogo ya mstari. Siku hizi anaishi kwa binti yake, na akiwa anamenya viazi barazani hukikumbuka chumba kile hadi harufu ya karatasi za kaboni humjia puani.

Jina la Bi Taipu alipewa na wanafunzi. Profesa alimwita dada. Mwandiko wa Profesa ulikuwa balaa tupu. Neno "wajibu" lilifanana na panzi aliyevunjika mguu, na mara nyingi mwenyewe alikwama katika alichokiandika jana yake, ikabidi aulize, "Dada, hapa nilisema nini?" Naye alimsomea bila hata kuinua uso. Saa nne walikunywa chai, na Profesa aliizungusha sukari kwa kitako cha kalamu kwa sababu vijiko vilipotelea kwenye marundo ya karatasi.

Vitabu alivyomchapia vilikuwa vitatu. Cha kwanza kilihusu mauaji ya kimbari, jinsi watu waliokopeshana chumvi wanavyofikia siku ya kuwindana. Cha pili kilihusu chuki dhidi ya Wayahudi, tangu uzushi wa kale hadi kambi za mauaji. Alipokuwa akikichapa hicho, alimuuliza Profesa kwa nini ajisumbue na watu wa mbali namna ile, ambao yeye hakuwahi hata kumwona mmoja. Profesa alimjibu kwamba walikuwa watu, na hiyo sababu inatosha. Kisha akaongeza kwamba chuki ile imezunguka dunia karne nyingi, na anayejua sura yake hatababaika ikibisha hodi kwake ikiwa imevaa nguo nyingine.

Kitabu cha tatu ndicho kilichomkwaza. Kiliwahusu wale ambao hawakuua mtu: dereva wa treni, jirani aliyefunga dirisha, karani. Katika sura ya nne Profesa alieleza jinsi orodha za Wayahudi wa kupakiwa kwenye treni zilivyochapwa maofisini, safi, kwa mpangilio wa alfabeti. Bi Taipu alifika katikati ya ukurasa, mikono ikagoma.

Mlio wa mashine ulipokatika, Profesa aliinua kichwa. Alidhani utepe wa wino umeisha.

"Mimi nimeshachapa orodha," Bi Taipu alisema.

Akamweleza. Alipokuwa na miaka ishirini na moja alikuwa mpiga taipu wa ofisi ya serikali ya kugawa nyumba. Siku moja mkubwa wake alimpa majina ya familia arobaini na moja, watu waliosemekana asili yao si ya hapa, watolewe katika nyumba zao kwa notisi ya siku tatu. Jina la kumi na saba lilikuwa la baba wa shoga yake, msichana waliyekaa naye dawati moja tangu darasa la kwanza. Alilichapa, kisha akachapa na notisi yao. Hakukosea hata herufi moja. Jioni alipita mbele ya nyumba yao, akamwona shoga yake akianua nguo, akampungia mkono, akaenda zake.

Profesa alivua miwani.

"Sisemi unafanana na wale wa treni," alisema hatimaye. "Ila nikikuambia huna kosa, itabidi nichane vitabu vyote viwili ulivyonichapia."

Jibu hilo lilimuuma, lakini pia lilimpa nafuu ya ajabu. Watu wawili aliowahi kuwadokezea jambo hilo, mumewe na mama yake, walikuwa wamembembeleza tu kwamba alikuwa mtoto na kazi ni kazi.

Ilimchukua miezi miwili kumpata shoga yake, kwa kuuliza kwa huyu na yule. Alikuwa na duka la vitambaa katika mji mwingine, mwendo wa nusu siku kwa basi. Bi Taipu alimkuta akipima kitambaa cha shashi kwenye kaunta, amenenepa, nywele zimeingia mvi, mikono ni ile ile. Alianza kujieleza, akakatizwa.

"Nilijua zamani," shoga yake alisema. "Chini ya ile notisi kulikuwa na herufi za mwanzo za majina yako, kama mlivyokuwa mnaweka wapiga taipu. Notisi ilisema siku tatu, lakini sisi tuliletewa asubuhi ya siku ya mwisho. Bibi yangu alibebwa juu ya godoro lake. Ungekuja kuniambia jioni ile, tungekuwa na siku mbili za kumtafutia pa kulala."

Bi Taipu hakujitetea. Aliomba radhi, akalia. Shoga yake alimalizia kupima kitambaa cha mteja, kisha akavuta kiti cha pili.

Bi Taipu aliporudi kazini alimwambia Profesa kwamba sura ya nne ina kasoro. Profesa alikuwa ameandika kwamba karani alikuwa na njia mbili tu, achape au aache kazi.

"Ya tatu ipo," Bi Taipu alisema. "Angeweza kuchapa, halafu jioni akaenda kuwaambia."

Profesa aliuchukua ukurasa, akaurudia wote kwa mwandiko wake wa panzi, akampa auchape. Ndivyo ulivyo hadi leo kitabuni.

Profesa alifariki miaka mitatu baadaye na chumba kikapewa mtu mwingine. Bi Taipu na shoga yake hawakurudia usichana wao, na hakuna aliyejidanganya kwamba wangeurudia. Lakini mara mbili kwa mwaka mmoja wao hupanda basi. Hukaa nyuma ya kaunta ya duka au barazani kwa binti, wakicheka walimu wao wa zamani, na kila mara, kabla ya kuagana, Bi Taipu humuulizia yule bibi: alipenda nini, aliimbaje, alizikwa wapi. Shoga yake humjibu.