Mirunda ya Ukumbi wa Dutwa

Kwa profesa wetu, mirunda inayoshikilia zege la dari haitolewi kabla ya siku ishirini na nane, hata mwenye jengo akilia. Alifundisha uhandisi wa majengo chuo kikuu miaka thelathini, mwanamke wa kwanza katika idara yake, kisha akarudi Somanda na kanuni hiyo. Wanafunzi wake wa zamani wakimpigia simu, huwauliza kwanza habari za mirunda, ndipo awaulize watoto. Mchanga huusugua viganjani. Vikichafuka, lori linarudi lilikotoka, naye hucheka kwa sauti inayofika barabarani.

Zege la dari ya ukumbi wa kanisa la Dutwa lilikuwa na siku kumi na tisa tangu limwagwe alipomkuta fundi Ndaki ameshika nyundo aigonge mirunda itoke, maana Jumamosi kaka wa profesa angefanyia humo harusi ya binti yake. Mimi, katibu wa kamati ya ujenzi, nilikuwa nimeshakubali.

"Mayu, mama yetu, zege limekauka hili, gonga usikie!" alisema Ndaki.

"Limekauka ngozi tu. Tumbo bado bichi." Akavuta kiti, akakaa katikati ya mirunda, akaagiza chai.

Kaka yake akaja mbio. "Dada, kadi zimeshasambazwa! Unaniaibisha mbele ya wakwe."

"Wakwe walio hai watakusamehe, Shigela."

Hakuinuka hadi maturubai yalipofungwa uwanjani. Harusi ilifana, vumbi likatimka, naye akacheza kuliko vijana. Lakini kwenye kiti cha shangazi wa bibi harusi alikalishwa mwingine, na huu ni mwezi wa saba kaka yake hajamsalimu.