Mgeni Katika Hati ya Joto

Kwa miaka kumi na minane Mama Kipimo alisoma joto la chumba baridi cha bohari ya dawa mara tatu kwa siku: saa mbili asubuhi, saa saba mchana, na dakika kumi kabla ya kufunga. Jina hilo alipewa na madereva. Hakulikataa wala hakulikubali, aliliacha lipite. Dawa za chumba kile, chanjo na insulini, zinatakiwa kukaa kati ya nyuzi mbili na nyuzi nane. Zikizidi hapo kwa muda zinaharibika, na ubaya wake ni kwamba chupa iliyoharibika inafanana kabisa na chupa nzima.

Hakuwa mtu wa kuamini haraka. Kalamu yake aliilaza mezani ncha ikielekea dirishani, ili akirudi ajue kama imeguswa. Fundi akija kutengeneza kitasa, alisimama nyuma yake mpaka amalize, kisha akahesabu skrubu. Nyumbani alikaa peke yake tangu watoto waanze maisha yao, na mlango ukigongwa aliuliza "Nani?" mara mbili, ya pili baada ya kujibiwa.

Mwaka huo mashine ya kupoza ilianza kuchoka. Mchana joto lilipanda hadi tisa, kisha kumi na moja. Aliandika alichokiona kwenye fomu iliyobandikwa mlangoni, akampelekea meneja taarifa. Meneja akasema fundi yuko njiani. Wiki iliyofuata Mama Kipimo alikuta fomu mpya mlangoni, haina kunjo hata moja, imejazwa tano, tano, sita, tano kwa siku zote zilizopita. Sahihi yake ilikuwepo kila mstari, imeigwa vizuri kuliko anavyoiandika mwenyewe. Siku mbili baadaye daftari lake dogo, alimokuwa akinakili kila kipimo, halikuwemo kwenye droo. Kalamu ilikuwa imelala ncha ikielekea ukutani.

Na dawa ziliendelea kutoka. Kila asubuhi gari lilipakia maboksi na kuondoka kuelekea zahanati.

Aliyemfungulia njia alikuwa wifi yake, mke wa mdogo wake, mfamasia wa bohari hiyohiyo. Walikaa jikoni kwa wifi siku ya Jumapili, simu mbili mezani. Pamoja nao alikuwepo dereva wa gari la dawa, aliyeitwa Breki kwa sababu mdomoni hakuwa nazo.

"Kila mmoja wetu ana kipande," wifi alisema. "Wewe una joto. Mimi nina namba za dawa zilizokuwa ndani siku hiyo. Breki anajua boksi gani lilikwenda wapi. Kimoja kimoja havisemi kitu. Tukiviweka kwenye hati moja, mkaguzi anaisoma kama barua."

"Hati ya wapi? Ya mtandaoni?"

"Ya mtandaoni, lakini inafungwa humuhumu kwenye simu yako kabla haijatoka. Kule inakohifadhiwa wanaona vurugu ya herufi tu."

"Wenye mtambo wenyewe hawasomi?"

"Hawawezi. Hawana ufunguo."

"Anao nani?"

"Umo ndani ya linki. Angalia, huu mkia mrefu wa mwisho ndio ufunguo. Kwa hiyo wifi, ukimpa mtu linki hii, umempa mlango, kitasa na ufunguo. Ataingia, atasoma, na ataandika kama sisi."

Mama Kipimo aliivuta simu karibu na macho. "Na nikisahau neno la siri la akaunti?"

"Hakuna wa kumlilia. Hawana nakala."

"Hapo ndipo nimeanza kuwaelewa," alisema, na hilo kwake lilikuwa sifa kubwa.

"Mimi niandike jina gani?" Breki aliuliza. "Niweke Mheshimiwa?"

"Weka D. Na usimwoneshe mtu simu yako."

"Mama, simu yangu kioo kimepasuka hata mimi mwenyewe sioni."

Wakaanza. Kwa wiki tatu hati ilikua. Mama Kipimo aliandika tarehe, saa na nyuzi, bila neno la ziada. Wifi alijaza namba za dawa. Breki aliandika zahanati na idadi ya maboksi, na mara nyingine jambo lisilohusika, kama kwamba mlinzi wa zahanati fulani anakoroma akiwa amesimama. Mama Kipimo alilifuta kila mara, naye Breki alilirudisha. Walipata habari kwamba wakaguzi wa dawa wangefika Jumatano. Lengo lilikuwa moja: siku hiyo wakaguzi waone joto la kweli, chumba kifungwe, na maboksi yaliyotoka yarudishwe kabla hayajamfikia mgonjwa.

Jumatatu saa saba mchana alifungua hati aandike. Juu, panapoonesha walio ndani, palikuwa na majina mawili. Moja lilikuwa lake. La pili liliandikwa Mgeni, kama chombo kinavyomwita asiyeandika jina. Alipokuwa akilitazama likatoweka.

Alishuka mistari yote kidole kikiwa kwenye kioo. Jumanne ya wiki iliyopita aliandika kumi na moja, sasa ilisomeka saba. Alhamisi kumi na mbili ilikuwa sita. Alifungua historia ya hati, maana chombo kile kinaweka kumbukumbu ya kila badiliko, akaona mabadiliko manne, yote ya asubuhi ile, yote ya Mgeni. Alirudisha tarakimu zake moja baada ya nyingine.

Linki walikuwa nayo watu watatu. Yeye hakumpa mtu. Wakabaki wawili.

Mama Kipimo alimweka Breki kando upesi, maana asingeweza kubadilisha tarakimu nne na kukaa kimya asubuhi nzima. Alibaki wifi. Mama Kipimo alianza kukusanya. Wifi ndiye aliyeleta chombo. Wifi alitajwa kwenye orodha ya wanaofikiriwa kupandishwa cheo. Ijumaa, mtu wa kaunta alimwona wifi akitoka ofisini kwa meneja, mlango ukiwa umefungwa nyuma yake. Hata kicheko cha wifi kwenye simu Jumamosi, kicheko kifupi cha mtu anayemaliza mazungumzo mwingine akiingia, sasa kilikuwa na maana. Wifi alipiga simu jioni ile mara tatu. Haikupokelewa.

Jumanne asubuhi aliweka mtego. Aliandika kwenye hati: "Kipimajoto cha pili nimekificha juu ya kabati la mashuka ya zamani." Hakukuwa na kipimajoto juu ya kabati. Kisha alijifanya anapanga makoti ya baridi, mlango akiuacha wazi kiasi cha vidole viwili. Haikupita saa moja. Meneja mwenyewe, mtu asiyejua hata mahali pa ndoo ya kudekia, alibeba stuli, akapanda, akapapasa juu ya kabati. Alishuka na vumbi hadi viwikoni.

"Unatafuta kitu, bosi?" Mama Kipimo aliuliza.

"Popo," meneja alisema. "Nimesikia popo."

"Saa tatu asubuhi?"

"Popo wa siku hizi," alisema, akaondoka na stuli yake.

Kwa hiyo meneja alikuwa anasoma. Na aliyempa ufunguo alikuwa mtu wa nyumbani. Jioni alikwenda kwa mdogo wake bila kupiga simu kwanza. Alikataa kiti, akasema yote akiwa amesimama mbele ya mdogo wake na mkewe, kwa utaratibu, kwanza hiki, pili hiki, kama anayesoma fomu.

Mdogo wake alijaribu. "Dada, kaa basi tuongee."

"Nikikaa nitaambiwa nimekula hapa."

Wifi alikuwa anakunja nguo za watoto. Hakuacha. "Niliingia kwa meneja kuomba ruhusa ya kumpeleka huyu mdogo kwa daktari wa masikio. Ruhusa hiyo hapo juu ya friji, kaisome. Na wifi, mimi ningetaka kukuuza, ningekuuza mzima. Nisingekuuza kwa tarakimu nne."

"Basi nani?"

"Linki umeiandika mahali?"

"Mimi siandiki ovyo."

"Sijakuuliza kama unaandika ovyo. Nimekuuliza kama umeiandika."

Alitoka, na njia nzima alijiambia kwamba swali lile lilikuwa ujanja wa kumgeuzia kibao.

Jumatano alifika kazini kabla ya wote. Swali la wifi lilikuwa limemsumbua kama unywele mdomoni. Wiki iliyopita, Alhamisi jioni, aliomba siku moja akang'oe jino. Pale bohari mtu haondoki, hata kwa siku moja, bila kukabidhi. Kuna daftari kubwa la makabidhiano kaunta, na sheria yake kila mfanyakazi anaijua kwa moyo: chochote ulicho nacho na chochote kinachoendelea, kiandike. Mtu aliwahi kupewa onyo kwa kutokabidhi tochi. Mama Kipimo ndiye aliyewafundisha wapya sheria hiyo.

Alilifungua kwenye ukurasa wa Alhamisi. Mwandiko wake, mistari imepigwa kwa rula. Moja, funguo tatu. Mbili, tochi na betri zake. Tatu, vipimajoto viwili. Nne, makoti ya baridi mawili. Tano, kalamu nyekundu. Sita, fomu tupu kumi na nne. Saba, hati ya joto, inaendelea. Na mbele yake, herufi baada ya herufi, kubwa kwa kubwa na ndogo kwa ndogo, bila kosa hata moja, linki nzima pamoja na mkia wake.

Hakukumbuka kuiandika. Mkono ulikuwa umefanya kazi yake ya miaka kumi na minane, jino likimuuma. Chini ya ukurasa, kama kila Ijumaa, palikuwa na sahihi ya meneja na maneno: Nimesoma.

Bohari ilikuwa kimya. Karatasi moja haina uzito. Angeichana, angeikunja, ingekaa ndani ya soksi, na lawama ingebaki ilipokuwa jana jioni. Wifi asingepata ushahidi kwamba si yeye. Mama Kipimo alishika kona ya ukurasa kwa vidole viwili na kukaa hivyo mpaka aliposikia Breki akipiga honi getini.

Wakaguzi wawili waliingia saa nne, mwanamume na mwanamke. Mama Kipimo alimtaka kila mmoja atoe kitambulisho, akakisoma mbele na nyuma. Meneja aliwapeleka mlangoni kwenye fomu ya tano, tano, sita. Wifi alitoa simu yake na kuwapa hati.

Meneja aliitazama, akatabasamu. "Hii ni ya mtandaoni. Anaandika yeyote. Tazameni hapa, kuna Mgeni, amebadilisha tarakimu, hawa nao wamebadilisha tena. Ipi ya kweli? Wameitunga wenyewe wakagombana wenyewe."

Mkaguzi mwanamke alimgeukia wifi. "Huyu Mgeni ni nani?"

Wifi alimtazama meneja. Alimdhania, lakini hakuwa na ushahidi. Meneja alianza kuwaonesha njia ya kurudi ofisini kwake.

"Ngojeni," Mama Kipimo alisema.

Alileta daftari la makabidhiano likiwa zima, akaliweka mezani. Aliusoma mstari wa saba kwa sauti, polepole, kama anavyowasomea wapya. "Mwandiko ni wangu. Nimeitoa mimi linki, kwa mkono wangu, Alhamisi. Wifi yangu hakumpa mtu. Mpaka Ijumaa hakukuwa na Mgeni, historia itawaonesha. Ijumaa daftari hili lilisomwa na mtu mmoja, na ameandika mwenyewe kwamba amesoma. Jumatatu Mgeni akaingia."

Mkaguzi mwanamume alipiga picha ukurasa. Mwanamke alishuka na historia ya hati kwa dakika nyingi, akilinganisha tarehe, kisha akatoa kipimajoto chake mwenyewe kwenye begi na kuingia chumba baridi. Alipotoka alisema namba moja tu: "Kumi." Meneja alisema fundi yuko njiani. Mchana ule mlango mnene ulizungushiwa utepe, na Breki alipewa orodha ya zahanati za kurudisha maboksi, orodha iliyotoka kwenye hati, pamoja na yule mlinzi anayekoroma.

Wifi alimkuta ukumbini anafuta stuli.

"Wifi."

"Nimekosa," Mama Kipimo alisema. Aliendelea kufuta mahali palipokwisha kuwa safi. "Nimekosa mbele ya mume wako, nitakuja niseme hivyo mbele ya mume wako."

"Njoo ule, basi. Kwa kukaa."

"Nitakaa."

"Nimefungua hati mpya, ile ya zamani ibaki kwa wakaguzi. Nikutumie linki?"

Mama Kipimo alifikiri. "Usinitumie," alisema. "Kaa nayo wewe. Nikiwa na kipimo nitakuja tuandike pamoja."