Siku Mama Aliyoshuka Tena Ziwani

Enzi zetu, mtu hakuhitaji kiongozi wa kumtembeza Ujiji. Ukija mgeni ulipokewa mzigo, ukaulizwa wewe ni wa nani, na kabla hujamaliza kujibu umeshakalishwa kwenye mkeka na sinia liko mbele yako. Mambo mengine, kama vile msikiti mkongwe uko wapi, nani anauza vitenge vya Kongo, na njia ipi inateremka ziwani bila kupita kwa yule mbwa wa fundi cherehani, ungeyajua mwenyewe ukiendelea kuishi. Sisi watoto ndio tuliokuwa ramani. Mgeni akipotea, alishikwa mkono na mtoto wa miaka sita asiye na viatu.

Kwa hiyo mwaka huu niliporudi nyumbani kutoka Morogoro na kuambiwa kwamba Zuhura, binti wa mdogo wangu Hawa, ameanzisha matembezi ya siku nzima ya kuwaonyesha watu Ujiji, utamaduni wake na vyakula vyake, nilicheka mpaka machozi. Zuhura amesomea utalii chuoni. Ana kofia, ana kipaza sauti kidogo cha kubandika kwenye nguo, na ana maneno ambayo mimi siyajui.

"Mama mkubwa, usicheke," aliniambia. "Jumamosi nina wageni. Twende wote, unisikilize. Nikiwadanganya, unikanyage mguu."

Nikakubali. Mama yangu alikuwa amekaa pembeni akichambua maharage.

Hapo inabidi nieleze kidogo. Nyumba tuliyokulia ilikuwa mtaa wa chini kabisa, ukitoka mlango wa uani unakanyaga mchanga. Usiku tulilala tukisikia maji. Asubuhi, mitumbwi ya dagaa ikirudi na karabai zake zimezimwa, tulikuwa tumeshafika ufukweni na vikapu. Dagaa walimwagwa mchangani wakimeta kama vipande vya kioo, na kazi yetu watoto ilikuwa kufukuza kunguru na kuku. Tulifukuza kwa bidii huku tukila. Dagaa aliyekauka nusu, bado ana joto la jua, ukimtia mdomoni pamoja na kipande cha muhogo wa kuchoma, basi. Watoto wa leo wanakula vitu vya kwenye pakiti vyenye picha ya dagaa, wanasema vina ladha.

Tukichoka kufukuza kunguru tulicheza rede, tukichafuka tulirukia ziwani. Mama alisimama mlangoni, mwiko mkononi, akapiga kelele maneno yale yale kila siku: "Ole wako uzame! Ukizama leo nitakuchapa!" Hatukuwahi kujiuliza angemchapa vipi mtu aliyezama. Tulimwamini tu.

Jirani yetu alikuwa mama mmoja wa Kirundi aliyekuja na watoto wake na kubaki. Asubuhi alitusalimu kwa Kirundi, sisi tukamjibu kwa Kiha, mama akaongezea Kiswahili, na sote tulielewana vizuri sana hasa likija suala la sombe. Majani ya muhogo yalitwangwa kwenye kinu chake mpaka mtaa mzima unanuka ubichi, yakachemshwa, yakatiwa mawese, na sisi tulizunguka sufuria kama paka.

Sasa, ile nyumba haipo. Wenzangu wa huko mnajua ziwa lilivyopanda miaka hii. Halikuja kwa kishindo. Lilikuja taratibu, leo limefika kwenye mti wa mpera, mwezi ujao limefika chooni, baadaye likaanza kulamba ukuta wa jikoni. Baba alikuwa ameshafariki. Hawa akamchukua mama, akampeleka kwake Gungu, mbali na maji. Na tangu siku ile mama hakuteremka tena ziwani. Akipelekwa Ujiji kwenye msiba, anakaa upande ambao ziwa halionekani. Migebuka aliacha kupika. Yeye, ambaye watu walitoka Bangwe kuja kula samaki wake! Hawa akipika samaki, mama anakula maharage. Ukimuuliza anasema, "Meno yangu hayataki miba." Meno yake yote yapo.

Jumamosi tukaondoka asubuhi. Wageni walikuwa wachache: mwalimu mstaafu kutoka Iringa na mkewe, vijana wawili wa Dar es Salaam ambao niliwaona zaidi migongo ya simu zao kuliko nyuso, na dada mmoja Mchina anaitwa Lin, anayefanya kazi kwenye ujenzi wa reli. Kiswahili chake kilikuwa cha kazini, kifupi na cha moja kwa moja, lakini alikuwa hana haya nacho.

Nilikuwa nimejiandaa kucheka, ila nakiri mtoto anajua kazi yake. Aliwapitisha mitaa ya zamani, kwenye nyumba za udongo zenye baraza, akawaeleza misafara ilivyokuwa ikitoka pwani miezi na miezi mpaka kufika hapa, na akaeleza bila kupaka sukari kwamba waliotembea njia hiyo si wote waliopenda kutembea. Mwalimu wa Iringa alivua kofia. Sokoni akawaonjesha mawese kwa ncha ya kidole, akawapa chikichi za kuchemsha watafune. Mimi nikakumbuka tulivyokuwa tukirudi shuleni na midomo ya rangi ya chungwa, halafu tunamwapia mwalimu kwamba hatujala kitu. Kijana mmoja wa Dar aliitema chikichi, akasema ina nyuzi. Mwenzake akamrekodi akitema.

Tulipofika ufukweni, dagaa walikuwa wameanikwa juu ya vichanja vya waya, si mchangani tena, na kwa kweli ni safi zaidi kuliko wale wetu. Lin alisimama ghafla. Akainama, akachukua dagaa mmoja, akamnusa, akafumba macho.

"Kwetu," akasema. "Bibi yangu. Hivi hivi."

Wakati huo huo simu ya Zuhura ikaita. Nilimwona akisikiliza, uso ukibadilika. Chakula cha mchana kilikuwa kipikwe na Mama Shabani, ambaye nyumba yake iko hatua chache juu ya ufukwe. Mama Shabani alikuwa amefiwa na kaka yake alfajiri, yuko njiani kwenda Kasulu. Samaki wapo kwenye beseni, kuni zipo, ufunguo uko kwa jirani. Mpishi hayupo.

Zuhura alinivuta pembeni. Kile kipaza sauti bado kilikuwa kimebandikwa kifuani, nikakizima mwenyewe.

"Mama mkubwa, nimewaahidi migebuka. Ndiyo maana wamekuja. Safari ya kwanza tu imeshaharibika." Machozi yakamtoka, akayafuta haraka kwa kofia.

"Si tupike sisi?"

"Wewe unajua kupika migebuka kama ya bibi?"

Kwa kweli sijui. Nilienda kusoma mapema, nikaolewa mbali, nikawa mtu wa wali na nyama. Nikachukua simu nikampigia mama.

"Shikamoo mama."

"Marahaba. Mko wapi?"

"Tuko ziwani."

Nikamweleza yote, msiba, wageni, samaki kwenye beseni.

"Awape chipsi," akasema.

"Mama, mtoto analia."

"Ana umri gani huyo wa kulia?"

Nikakaa na simu sikioni. Nikasikia Hawa akiuliza kitu kwa mbali, mama akimnyamazisha. Kisha akauliza kwa sauti ya kukereka, "Mawese yapo?"

"Yapo, ya sokoni."

"Ya sokoni yameungua. Msiyaguse." Akakata.

Hatukujua kama anakuja au ameishia kutugombeza tu. Tukaingia uani kwa Mama Shabani, tukawasha moto. Mke wa mwalimu akakunja mikono, akaanza kusafisha samaki bila kuombwa. Wale vijana walipewa kinu watwange sombe. Walitwanga kwa nguvu zote kwa muda mfupi, kisha wakapumzika kwa muda mrefu. Enzi zetu mtoto wa darasa la pili alimaliza kinu hicho akiwa anaimba.

Halafu bajaji ikasimama. Mama akashuka, khanga mbili, sufuria lake kubwa jeusi kichwani, chupa ya mawese mkononi, mwiko umechomekwa kiunoni kama panga. Alishuka akiwa ameupa mgongo ufukwe. Akaingia uani, akaitikia shikamoo zetu, akatazama mafiga niliyoyapanga, akayapangua. Aliyapanga upya karibu na ukuta, ili mpishi akae akiangalia ukuta.

Nilielewa. Zuhura naye alielewa.

"Nani ametwanga hili?" akauliza, akiangalia kinu.

"Sisi, bibi," vijana wakajibu.

"Mmelikasirikia au mmelitwanga?" Akakaa chini, akalimaliza mwenyewe.

Sijui nieleze vipi harufu iliyofuata. Mawese yakipata moto huwa na harufu nzito, tamu kidogo, inayoshika nguo. Kitunguu kikafuata, nyanya, chumvi, kisha migebuka waliokaushwa kidogo motoni kwanza, kama alivyokuwa akifanya. Alikuwa hapimi kitu. Alisikiliza sufuria. Mimi niliyekuja na nywele zangu nyeupe nikajikuta nimechuchumaa karibu na moto, nikisubiri kuonjeshwa, na akanionjesha, akamimina kwenye kiganja changu vile vile kama zamani, bila kuangalia.

Tulikula ugali wa muhogo kwa mikono, sinia moja kwa wote. Kijana aliyetema chikichi alilamba vidole mpaka mwenzake akamwambia aache aibu. Lin alikuwa amekaa karibu na mama.

"Bibi," akasema, "chakula hiki kinanirudisha nyumbani. Kwetu pia ni pwani. Bibi yangu alianika samaki mbele ya nyumba. Siku hizi hapo ni bandari. Nyumba hakuna, mchanga hakuna."

Mama aliacha kutafuna. "Na bibi yako alifanyaje?"

"Alihamia ghorofani. Juu sana. Sasa anaanika samaki dirishani." Lin akacheka. "Majirani wanalalamika harufu. Yeye anawapelekea samaki, wananyamaza wiki moja. Halafu wanalalamika tena."

Mama akacheka. Si kucheka kwa adabu. Alicheka mpaka akashika ubavu, akarudia, "Dirishani! Mama wa watu, dirishani!" Hawa angekuwepo angelia. Muda mrefu mama hakuwa amecheka hivyo.

Kisha akanawa mikono, akainuka polepole, akageuka. Ziwa lilikuwa pale mbele yetu, kubwa, la buluu iliyoiva, milima ya Kongo ikionekana kwa mbali. Alilitazama muda mrefu. Zuhura alitaka kumshika mkono, nikamzuia.

"Yetu ilikuwa pale," mama akamwambia Lin, akinyoosha kidole kwenye maji. "Unaona yule mtu aliyesimama kwenye mtumbwi? Hapo ndipo jikoni kwangu. Huyo anavua jikoni kwangu."

Akateremka. Alikwenda mpaka kwenye ukingo, akakunja khanga, akaingia mpaka vifundoni. Alisimama tu. Mtoto mmoja aliyekuwa akiogelea alipita mbali kidogo, na mama akamfokea, "Wewe! Ole wako uzame!" Nikageuza uso, nikajifanya moshi umeniingia machoni.

Tuliporudi, wageni wakiaga, mama alimketisha Zuhura akamweleza makosa yake, mengine akiwa ameyasikia kwa wageni. Alikuwa amewaambia wageni kwamba sombe lilitoka kwa watu fulani, si kweli. Alikuwa amewapitisha njia ya jua kali wakati ipo ya kivuli. Na Mama Shabani ni mpishi mzuri, Mungu ampe subira kwenye msiba wake, ila chumvi yake ni nyingi.

"Na safari nyingine wageni wanakuja lini?" akauliza.

"Jumamosi ijayo, bibi, kama nitapata."

"Utapata. Waambie waje na njaa."

Nimerudi Morogoro sasa. Hawa ananipigia kunilalamikia kwamba nyumba yake inanuka samaki, na namsikia anavyofurahi akilalamika. Mimi huwa nawaza. Sisi tulijua kufukuza kunguru, kutwanga, kuogelea, kusalimu kwa lugha tatu, na hakuna aliyetufundisha wala kutuambia kwamba huo ni utamaduni. Watoto wa siku hizi inabidi wapangiwe siku, wapewe kiongozi mwenye kofia, ndipo wajue mawese yanatoka wapi. Nilikuwa nikiona hilo ni aibu. Siku hizi sioni hivyo tena. Afadhali anayeuliza njia kuliko asiyekwenda kabisa.

Enzi zetu ziwa lilikuwa uani kwetu, tukilikanyaga kabla ya kunawa uso. Leo kutoka Gungu ni mwendo, na goti la mama linauma. Lakini kila Jumamosi anakwenda.