Siku Niliyosema Simjui

Nakumbuka Jumamosi moja ya soko pale Othaya, miaka michache baada ya uhuru, nilipotamka neno ambalo hadi leo natamani ningelimeza: simjui.

Mwanangu, mimi nilifungwa. Nikiwa kijana niliiba mabati ya duka moja mjini Nyeri, nikala miaka mitatu. Gerezani nilifundishwa useremala na mfungwa mwenzangu, Kariuki. Nilipougua kifua alinipa blanketi lake, yeye akalala na baridi ya mlima. Akufaaye kwa dhiki ndiye rafiki.

Nilipotoka, nilipata kazi kwa Mzee Gathogo, seremala wa Othaya. Nilimwambia nimetoka Timau, kibarua wa mashamba ya ngano. Aliniamini, na baada ya mwaka akakubali nimpose binti yake, Wambui.

Jumamosi hiyo Kariuki akatokea mlangoni, kofia mkononi, kuomba kazi. Hakuficha kitu.

"Nimetoka jela, mzee. Niliiba ng'ombe. Sitaki kurudi huko."

Mzee alicheka. "Ati ng'ombe! Hapa tuko na mbao tu, utakamua nini?" Lakini alimpa mguu wa kiti auchonge. Kariuki aliuchonga kwa ustadi hata Wambui, aliyekuwa akitumiminia chai, akasahau vikombe.

"Mkono uko," mzee akasema. "Na nani atakusemea?"

Kariuki alinitazama. "Huyu fundi ananijua."

Mzee akanigeukia. Nikaiona harusi yangu ikiporomoka. "Simjui," nikasema.

"Samahani, fundi. Nimekufananisha." Kariuki akapanga vifaa alivyotumia sakafuni kwa mstari, randa, patasi, msumeno, mipini yote ikielekea mlangoni, akaenda zake.

Gerezani ndivyo tulivyovipanga kila tulipomaliza kazi, ili askari avihesabu bila kuingia. Mazoea yale yalikuwa yameniganda, nami sikujua. Wambui aliutazama mstari wa Kariuki, kisha akautazama wangu, kando ya meza yangu. Ilikuwa sawasawa.

Mzee alipotoka kidogo, Wambui akaniambia, "Baba hajaona. Mimi nimeona. Jela ningekusamehe, hata leo. Lakini yule amekuficha, na wewe umemkana. Mimi utanikana siku gani?"

Ningeweza kumkimbilia Kariuki. Alikuwa bado anapenya kati ya wauza viazi, nilikiona kichwa chake. Nilichukua randa nikaendelea na kazi.

Mwezi haukuisha tukasikia Kariuki amekamatwa akiwa na ng'ombe wa watu kule Mweiga. Alifia gerezani. Wambui alikataa posa yangu bila kumwambia baba yake sababu, akaolewa mbali.

Nakuita mwanangu kwa kuwa sina niliyemzaa. Mficha uchi hazai, walisema waliotutangulia, nami nilidhani ni maneno ya wazee tu. Ukianguka, sema ulianguka, kabla hujajenga nyumba juu ya uongo. Na ukiinuka, mpe mkono aliye chini bado, hata kama mkono huo utaonyesha matope yako. Anayekukataa kwa ukweli wako hakuwa wako.

Mungu akupe ulimi jasiri, na meza iliyozungukwa na watu. Mimi neno lile moja lilinipokonya rafiki na mke. Kila jioni navipanga vifaa vyangu kwa mstari, mipini ikielekea mlangoni, na hakuna anayekuja kuvihesabu.