Unyayo Ukikauka, Shuka

Jirani yangu hapa Mkolani akianika dagaa uani, mimi hufunga dirisha. Siyo dharau. Ile harufu ya dagaa wanaoanza kushikwa na jua, kama ya chuma kilicholowa, inanirudisha juu ya Jiwe, na mimi pale sipataki. Cheti changu cha ubatizo kinasema nina miaka arobaini na nne. Magoti yangu yanasema vingine. Shule niliishia darasa la nne, kwa hiyo nitasimulia nilivyoona, na wahusika nitawataja.

Jiwe lilikaa ufukweni kijijini kwetu, kati ya mchanga na matete, mgongo bapa, kama ng'ombe aliyelala. Kivuli chake kilionekana hata siku ya mawingu, na wavuvi walikitazama kujua saa ya kushusha mitumbwi. Hakikukosea hata siku moja. Hiyo ilikuwa kazi yake ya chini. Juu ya mgongo wake muda ulikimbia. Ukifikiwa na msiba wa ghafla na ndizi zako ni mbichi, ulizipandisha huko, na kabla hujamaliza Baba Yetu zimeiva. Lakini ulipanda na miguu iliyolowa maji ya ziwa, na jicho lako halikuuacha unyayo wako wa kwanza. Bibi zetu walisema: unyayo ukikauka, shuka. Anayezidisha anajila mwenyewe.

Masika moja mvua haikutoa nafasi. Dagaa wakaoza mchangani, kijiji kizima kikanuka. Juu ya Jiwe, mvua ikipumua kidogo tu ilitosha kuwakausha. Ndipo Magesa, mnunuzi wa dagaa, mwenye lori, akamwendea mama mdogo Sabina, aliyetulea mimi na dada yangu Nyamizi baada ya mama kufariki. Alitaka watoto wa kugeuza dagaa kule juu. Mtu mzima huwaponda kwa miguu, alisema, mtoto ni mwepesi. Mama mdogo akaahidiwa mabati ya nyumba. Mwenyekiti wetu, Kulwa, alipoulizwa alisema yeye hajaona kitu, na kweli tangu siku hiyo hakupita tena ufukweni.

Nilikuwa na miaka tisa, Nyamizi kumi na mmoja. Kwetu ulikuwa mchezo. Siku ya kwanza meno yangu matatu ya utoto yaling'oka kwa mpigo, nikayatema katikati ya dagaa, tukacheka mpaka Nyamizi akakaa chini. Kucha zilituota kama za kunguru. Ndani ya wiki gauni la Nyamizi lilipanda juu ya magoti, na mama mdogo akasema mtoto anakua vizuri, Mungu asifiwe. Yeye ndiye aliyesimama chini na ndoo, akitumwagia maji kila mara. Nilimpenda kwa hilo. Nilidhani anatuonea huruma, jiwe lisituunguze. Kila tukitazama unyayo, umelowa, basi tukaendelea kugeuza. Nilikuwa tayari nalea wanangu nilipokuja kuelewa alichokuwa analowesha. Haikuwa miguu yetu.

Siku ya mwisho lori lilikuwa linaunguruma na mawingu yameshuka upande wa Ukerewe. Mama mdogo alinituma nyumbani nikalete gunia. Nyamizi akabaki peke yake kule juu. Nilikwenda mbio, nikarudi mbio, nikamkuta mama mdogo bado anamwaga maji, uso kaugeuzia ziwani. Juu ya Jiwe alikuwa ameinama bibi kizee, gauni la dada yangu limempasukia mabegani. Magesa alimwambia amalizie ile safu. Akaimalizia. Kisha akashuka akijishikiza kwenye jiwe, mkono mmoja kiunoni, akaniuliza kwa sauti ya kukwaruza:

"Uji wangu mmenibakizia?"

Kwake yeye ilikuwa asubuhi ile ile.

Magesa alipakia mzigo akaondoka. Mama mdogo alitangaza kwamba huyu ni shangazi yake kutoka Ukerewe, na Nyamizi amechukuliwa na ndugu mjini, akasome. Kijiji kilikubali, maana kukataa kungeleta maswali. Mzee mwenye mvi akisimama mlangoni na kusema, "Shikamoo, bibi," dada yangu, aliyefunzwa adabu, alijibu haraka kwa aibu, "Shikamoo, babu." Watu walicheka, wakasema kizee kachanganyikiwa. Nikitoka shule alitaka tucheze rede. Kurusha mpira aliweza, kukwepa hakuweza, kwa hiyo nilikuwa namkosa makusudi, naye ananigombeza kwamba namdekeza.

Kiangazi hakikumkuta. Msibani walisema amekula chumvi nyingi, tushukuru, mzee wa hivyo haliliwi. Waliimba. Mama mdogo akapika wali. Mimi nikala, nikaomba sahani ya pili, kwa sababu wakubwa wote walikuwa wachangamfu na mtoto hufuata wakubwa.

Leo Magesa ana ghorofa Nyakato. Kulwa alizikwa kwa heshima. Sabina analala chini ya mabati yake. Nawachukia wote watatu, na sioni haya kusema. Ila kuna jambo siwezi kumtwika yeyote kati yao, na nilichelewa sana kuliona. Msalabani waliandika "Bibi" tu, kwa mkaa, na kile kipande cha mkaa wakakiacha pale pale kaburini. Nilikuwa nimeshajua kuandika jina la dada yangu. Nilikiokota, nikakishika kidogo, nikakitupa, nikaenda kucheza.